Amri iko kwenye faili, mkononi huna kitu: nilivyohangaikia nakala ya zuio la mama

Hii habari nimekaa nayo karibu mwaka mzima nasema nitaiandika, nitaiandika. Jana usiku kanipigia simu mdada mmoja tuliyejuana mahakamani, kesi yake ni ya mashine ya kusaga, kapewa zuio juzi, yaani amri ya mahakama kwamba mali isiguswe mpaka kesi iishe, ananiuliza "sasa dada tukishapewa zuio tunafanyaje?" Nikamwambia kesho asubuhi nenda masijala, pale mahakamani wanapotunza mafaili ya kesi, na barua, usisubiri, halafu nikakaa pale kitandani nikaona basi leo naandika, maana sisi hilo swali hatukumuuliza mtu na lilitugharimu siku 56.

Nianze na chanzo. Marehemu baba alikuwa na Fuso ya kubeba viazi na mbao huku nyanda za juu kusini, aliinunua nusu kwa nusu na rafiki yake ambaye sisi watoto tumekua tukimwita anko. Kadi ya gari iliandikwa jina la anko kwa sababu yeye ndo alikuwa anashughulika na mambo ya mjini, na makubaliano yao yaliandikwa kwenye karatasi ya daftari, wakasaini wote wawili mbele ya balozi wa nyumba kumi. Baba alipofariki tukafungua mirathi Mahakama ya Mwanzo, mama akateuliwa msimamizi, na hapo hapo anko akaanza kusema kwamba baba alikuwa dereva wake tu, gari ni lake peke yake. Yaani mtu aliyekula kwetu sikukuu zote. Mama akalia siku mbili, siku ya tatu akasema twende mahakamani.

Tukafungua shauri la madai Mahakama ya Wilaya, sitasema ya wapi, na pamoja na shauri lenyewe tukapeleka maombi madogo ya zuio la muda, kwamba Fuso isiuzwe wala isihamishwe jina mpaka shauri liishe. Wakili tulimlipa atuandikie makaratasi tu, hela ya kumsimamisha kila tarehe hatukuwa nayo, kwa hiyo kwenye kizimba alisimama mama mwenyewe na mimi nimekaa nyuma nimeshika mkoba wa nyaraka. Tarehe 11 Machi 2024 mheshimiwa akasoma uamuzi, zuio limekubaliwa, miezi sita. Tukatoka pale mama ameshika kifua, tukanunua soda, tukapanda gari tukarudi nyumbani. Hapo ndo tulipokosea. Tulidhani mheshimiwa akishasema imeshakuwa, kwamba kuna mtu pale mahakamani atapiga simu huko kunakohusika na gari litazuiwa lenyewe.

Hakuna mtu anayepiga simu. Amri ya mahakama kwenye kesi ya madai inabebwa na yule aliyeiomba, ni wewe unayeipeleka kwa mdaiwa, yaani yule uliyemshtaki, kwa ofisi ya kadi, kwa benki, kwa mtendaji, kwa polisi, popote pale inapotakiwa ikafanye kazi. Na hawa wote hawapokei maneno.

Tarehe 19 kijana wa gereji akamwambia mdogo wangu kuwa Fuso inapigwa rangi na imebandikwa karatasi ya kuuzwa. Kesho yake asubuhi nikakimbilia dirisha la kadi za magari, nikamweleza yule kaka kila kitu, namba ya shauri ninayo kichwani, tarehe ninayo, jina la hakimu ninalo, nikamwonyesha mpaka picha ya kikaratasi cha tarehe za kesi. Akanisikiliza mpaka mwisho. Akasema dada nakuelewa, ila mimi siwezi kufunga kadi ya mtu kwa maneno, niletee amri ya mahakama yenye sahihi na muhuri, nakala iliyothibitishwa, siyo fotokopi, nikiipata leo nafunga leo. Nilikasirika wakati ule, ila nikifikiria sasa hivi alikuwa sahihi kabisa, maana kama angekubali maneno yangu basi kesho angekubali maneno ya anko.

Nikatoka pale moja kwa moja mahakamani. Masijala kuna dada karani, mpole, akaniuliza swali moja tu, "mliandika barua?" Barua gani? "Barua ya kuomba nakala." Nikabaki namwangalia. Siku tisa zimepita, tumekaa nyumbani tunasubiri kitu ambacho hatujakiomba.

Aliyetuokoa ni mama mmoja msaidizi wa kisheria wa kata yetu, hawa wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, hawalipishi. Nilimpigia, akanipokea kwenye steshenari mbele ya mahakama, akaniambia andika ninachokwambia, usiongeze hadithi. Juu kulia anwani ya mama na namba ya simu na tarehe ya siku hiyo hiyo. Kushoto, kwa Hakimu Mfawidhi, Mahakama ya Wilaya ya fulani. Yahusu: shauri la madai namba fulani la mwaka fulani na maombi madogo namba fulani, kati ya fulani na fulani, kuomba nakala zilizothibitishwa. Halafu aya moja tu, kwamba mimi ni mwombaji, uamuzi ulitolewa tarehe fulani na mheshimiwa fulani, naomba nipatiwe nakala ya uamuzi na nakala ya amri, kwa ajili ya kuziwasilisha ofisi husika, niko tayari kulipia gharama. Sahihi. Basi.

Akasema chapa tatu. Moja inabaki mahakamani, moja unampelekea mdaiwa ajue umeomba, ya tatu ndo roho yako, hiyo karani anaigonga muhuri wa POKELEWA wenye tarehe na anasaini, unaondoka nayo na huiachi kwa mtu yeyote. Ile karatasi yenye muhuri wa tarehe 20 Machi 2024 ninayo mpaka leo kwenye faili la plastiki, wino wa bluu umefifia kidogo kwenye namba sifuri. Baadaye nitaeleza kwa nini ni muhimu hivyo.

Ngoja kwanza niseme kuhusu hizi karatasi zenyewe maana mimi nilikuwa nazichanganya na naona watu wengi wanazichanganya. Uamuzi ni ile karatasi ndefu, hakimu anaeleza huyu kasema hivi, yule kasema vile, sheria inasema hivi, kwa hiyo naamua hivi. Amri ni karatasi fupi inayotolewa kutokana na huo uamuzi, kurasa moja au mbili, ina majina ya wadaawa, yaani pande zote za kesi, na kile kilichoamriwa tu, na hii ndo wanaitaka madirishani, hakuna ofisa wa kadi au wa benki atakayekaa kusoma kurasa kumi na mbili kutafuta wapi ameambiwa afanye nini. Kesi ikiisha kabisa unakuwa na hukumu, na karatasi fupi ya hukumu inaitwa tuzo, wengine wanaita dikrii, hiyo ndo unaendea nayo kukazia hukumu, yaani kuomba itekelezwe, na kwa dalali wa mahakama. Mwenendo wa shauri ni kumbukumbu zote za yaliyosemwa toka siku ya kwanza, hiyo unaitaka ukikata rufaa. Kwenye barua taja unachotaka kwa jina lake. Jirani yetu aliandika "naomba nakala ya kesi yangu", akapewa uamuzi bila amri, akaanza upya.

Na kuthibitishwa maana yake ni nini? Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, inasema ofisa anayetunza nyaraka ya umma anakupa nakala ukishalipia, na chini yake anaandika kuwa ni nakala sahihi ya ile halisi, anaweka tarehe, sahihi, jina lake, cheo chake na muhuri. Ofisa anayeitunza ni wa mahakama. Kwa hiyo kupiga fotokopi na kwenda kugongewa muhuri na wakili mtaani haikusaidii kwa kazi hii, niliona mzee mmoja karudishwa kwenye lile dirisha la kadi na karatasi yenye muhuri mzuri tu wa wakili. Vilevile wenye kesi Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani wanapakua maamuzi bure TanzLII, tovuti ya maamuzi ya mahakama, ni kitu kizuri sana kwa kusoma, ila ukiichapa ile siyo nakala iliyothibitishwa.

Basi tukaanza kusubiri. Na mwaka 2024 huo muda ulikuwa na sikukuu zimefuatana hujapata kuona, Pasaka, Karume, halafu Idi. Kila Jumanne na Ijumaa nilikuwa pale, nauli kwenda na kurudi. Faili liko kwa mheshimiwa. Mheshimiwa yuko safari ya kikazi. Imeshachapwa bado sahihi. Sijui nilimsalimia yule karani mara ngapi, mpaka tukawa tunajuliana hali za watoto, na namsema kwa wema kwa sababu kwenye meza yake kulikuwa na mafaili yamepangwa mpaka usawa wa kifua na yuko peke yake na msaidizi mmoja. Shida ilikuwa kubwa kuliko yeye.

Nje kwenye mti kuna kijana alikuwa ananifuata, ananiita shangazi, ananiambia toa elfu thelathini mimi naingia ndani natoka nayo leo. Nilikaribia. Nasema kweli kabisa, ile Ijumaa ya kabla ya Idi hela nilikuwa nimeishika mkononi, kwa sababu mdogo wangu alikuwa amenitumia picha, Fuso imeshapakwa rangi mpya ya kijani na jina la baba kwenye kichwa cha gari limefutwa. Kilichonizuia ni yule mama msaidizi wa kisheria, alishaniambia malipo ya mahakama yanakwenda kwa kontro namba tu, unatumiwa, unalipa kwa simu au benki na risiti inatoka yenye jina lako, na nakala ikitoka mlango wa nyuma siku mdaiwa akiihoji unakuwa huna risiti wala kumbukumbu ya kuipokea. Vishoka kama hao usiwape hata hela ya maji, na mtumishi akikuomba hela, TAKUKURU, wale wa kupambana na rushwa, wana namba ya bure, 113.

Tarehe 24 Aprili nikapigiwa simu. Kontro namba, nikalipa kwa wakala pale pale nje, hela yenyewe ilikuwa ndogo kuliko nauli ya wiki moja, nikarudi ndani nikasaini kwenye kitabu cha kupokelea, nikapewa bahasha. Sikuifungua. Nilitaka mama aifungue.

Mama akakaa kwenye kigoda nje ya jiko, akafuta miwani na kanga, akaanza kusoma kwa sauti. Toka mwaka 2021 sheria ilibadilishwa, lugha ya mahakama ni Kiswahili, na mimi siku hiyo ndo nilielewa maana yake, kwa sababu ile karatasi ya Mahakama ya Wilaya mama yangu wa darasa la saba aliisoma neno kwa neno mwenyewe bila kutafsiriwa na mtu. "Inaamriwa kwamba mdaiwa, mawakala wake, na mtu yeyote anayetenda kwa niaba yake..." Akafika kwenye namba ya gari, akanyamaza. Akarudia. Akaniita. Mwanangu hii siyo gari ya baba yako.

Herufi ya mwisho. Badala ya D wameandika B.

Nilihisi miguu haipo. Sasa ungeipeleka ile kwa yule kaka wa kadi ingefunga gari la mtu mwingine kabisa asiyehusika, au asingeipokea. Kesho yake asubuhi tukarudi, karani akaangalia uamuzi wenyewe, kule iko sahihi, D, kosa limetokea kwenye kuchapa amri. Tukaandika barua nyingine, kwa bahati sheria inaruhusu mahakama kusahihisha makosa ya uandishi kama hayo bila kufungua kitu kipya, ila lazima irudi kwa mheshimiwa, na kesho yake ilikuwa Muungano, wiki iliyofuata Mei Mosi. Tarehe 6 Mei tukapata iliyo sahihi. Safari hii tulisimama pale pale masijala, mimi nasoma uamuzi, mama anasoma amri, namba ya shauri, majina yote matatu matatu, tarehe, namba ya gari, namba ya chesesi, sahihi, muhuri, na kama muhuri upo kila ukurasa. Watu nyuma yetu walinung'unika kidogo. Naomba na wewe ufanye hivyo hivyo, usione aibu, usiondoke dirishani hujasoma.

Tuliomba nakala nne zilizothibitishwa, siyo moja. Moja ikaenda kwa anko kwa mkono wa mpeleka nyaraka wa mahakama, moja dirisha la kadi, moja kwa mtendaji wa kata kwenye ile gereji, moja haitoki kwenye faili la mama.

Nilipofika kwa yule kaka akaichukua, akaisoma yote, akaingiza namba kwenye kompyuta. Akaniangalia. Akasema dada maombi ya kuhamisha jina la hili gari yameshaingia, yaliletwa wiki iliyopita. Wiki iliyopita! Akapeleka nakala yetu kwa bosi wake, nikakaa kwenye benchi kama saa nzima naomba Mungu, akarudi akasema imesimamishwa, akanigongea nakala yangu ya barua. Nikatoka nje nikampigia mama nikashindwa kuongea.

Sasa hesabu. Kutoka 11 Machi mpaka 6 Mei ni siku 56. Na zuio la muda lina ukomo, Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, Amri ya 37 kanuni ya 3, inasema haliwezi kuzidi miezi sita kwa mkupuo, unaweza kuongezewa lakini jumla yote isizidi mwaka mmoja. Miezi hiyo inahesabiwa toka siku amri ilipotolewa, haisubiri wewe upate karatasi. Kwa hiyo sisi ulinzi wa miezi sita tuliuishi miezi minne tu, miwili ya kwanza gari lilikuwa wazi kama nyumba isiyo na mlango. Hiki ndo kitu kinachoniuma, maana kama barua ingeandikwa siku ile ile ya 11 Machi, na kama wangepewa watu wa kutosha pale masijala wa kuchapa na kuhakiki, mama asingepitia ile Aprili. Mahakama siku hizi zimeweka mifumo ya kielektroniki, kufungua shauri ni mtandaoni, malipo mtandaoni, nawapongeza kwa moyo wote, lakini amri fupi ya kurasa mbili ya zuio ilipaswa itoke siku ile ile inaposomwa, kwa sababu mtu anaomba zuio pale tu mali inapokuwa hatarini.

Kuhusu ule muhuri wa POKELEWA niliosema. Kuna wanaokuwa wameshindwa kesi na wanasubiri nakala ili wakate rufaa, hapa kuwa makini sana. Kwenye kesi ya madai iliyoanzia Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi rufaa inakwenda Mahakama Kuu ndani ya siku 90, na Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inasema zile siku ulizokuwa unasubiri nakala hazihesabiwi, lakini utathibitishaje ulianza kusubiri lini? Ni barua yako yenye muhuri, na tarehe uliyosaini kupokea. Bila hizo unabaki na maneno. Ukitoka Mahakama Kuu kwenda Rufani ni kali zaidi, notisi ya kukata rufaa ndani ya siku 30, na barua ya kuomba mwenendo nayo ndani ya siku 30 na mwenzako apelekewe nakala ya hiyo barua, la sivyo msajili hakupi cheti cha kuondoa siku za kusubiri, na zikipita siku 90 hujaitwa unatakiwa wewe mwenyewe ukafuatilie ndani ya siku 14, usikae nyumbani. Ila aliyeshindwa Mahakama ya Mwanzo asisubiri kabisa! Ana siku 30 za kwenda Mahakama ya Wilaya, na sheria haimlazimishi kuambatisha nakala ya hukumu kwenye rufaa yake, kwa hiyo akisubiri nakala siku zinamwishia na kisingizio cha kusubiri kinakuwa hakina nguvu. Mjomba wangu lilimkuta hilo kwenye kesi ya ng'ombe. Apeleke rufaa kwanza, nakala itamkuta mbele.

Sisi mwezi wa nane tuliomba kuongezewa muda kabla ule wa kwanza haujaisha, na tarehe 9 Septemba mheshimiwa akaongeza miezi sita mingine. Safari hii barua ilikuwa imeshachapwa, nafasi ya tarehe tu imeachwa wazi, mahakama ilipoahirishwa nikajaza kwa peni kwenye benchi la nje na nikaingia masijala kabla mama hajamaliza kushuka ngazi. Tarehe 17 nakala nne zikawa mkononi. Siku nane.

Naandika hii Februari 2025, na huo mwaka mmoja unaisha tarehe 11 mwezi ujao na hauongezeki tena. Mashahidi wamemaliza wote, balozi naye alikuja na fimbo yake akaitambua sahihi yake kwenye ile karatasi ya daftari, na hukumu imepangwa kusomwa mwisho wa mwezi huu. Fuso ipo kwenye yadi, matairi ya nyuma yameisha upepo, jina bado halijahamishwa. Barua ya kuomba nakala ya hukumu na tuzo nimeichapa juzi, tatu, ziko kwenye mkoba wa mama pamoja na peni mbili.